Aliyekuja kwa Miguu Yake

Tarehe 24 Julai 2025, Rais Donald Trump alitia saini amri kuhusu watu wanaolala mitaani katika miji ya Marekani. Magazeti mengi yaliishika ile sehemu ya mahema na dawa za kulevya. Iliyopita bila kelele nyingi ni sehemu inayomtaka Mwanasheria Mkuu wa nchi atafute njia ya kutengua hukumu za mahakama zinazobana uwezo wa kuwalaza kwa lazima watu wenye maradhi ya akili, na inayotaka majimbo yasaidiwe, kwa ruzuku na kwa ushauri, kulegeza vigezo vyao kadiri inavyowezekana.

Kundi la WhatsApp la Watanzania waishio kusini mwa Seattle halikuipita sehemu hiyo. Usiku ule ule mtu mmoja aliibandika, na chini yake akaandika, "Angalau sasa watachukuliwa wakatibiwe." Makofi yakamiminika. Mwingine akauliza: na wakishachukuliwa, wanapelekwa wapi? Hakujibiwa. Mada ikahamia kwenye mchango wa msiba wa Houston.

Mwandishi wa makala haya hakuandika kitu. Ni mzaliwa wa Tanga, amefanya kazi miaka mingi katika nyumba za kulelea wazee mjini Kent, na kwenye kundi lile wanaomfahamu kwa karibu wanajua kwamba habari hii imewahi kuingia nyumbani kwake. Ilimwingia kupitia mdogo wake wa kiume.

Kwanza ijulikane kwamba Marekani haina sheria moja ya kumlaza mtu hospitalini bila ridhaa yake. Kila jimbo lina yake. California ina ile ya 1967, iliyosainiwa na Ronald Reagan alipokuwa gavana. Florida ina ya 1971, inayobeba jina la mbunge Maxine Baker. Washington ilipitisha ya kwake mwaka 1973. Zinatofautiana kwa siku na kwa vipengele, ila uti wa mgongo wake unafanana. Mtu azuiwe kwa muda mfupi tu, saa 72 katika majimbo mengi, kisha aachiwe au afikishwe mbele ya hakimu akiwa na wakili. Na hakimu asiulizwe kama mtu huyu ni mgonjwa. Aulizwe kama, kwa sababu ya ugonjwa huo, ni hatari kwake mwenyewe au kwa wengine, au hali yake imekuwa mbaya kiasi kwamba hawezi kujipatia mahitaji ya msingi ya uhai.

Mdogo wa mwandishi alikuja kusoma, akakaa kwa dada yake huyu na shemeji yake, akapata na kibarua cha usiku katika moja ya maghala ya bonde la Kent. Mwanzoni mwa 2013 akaacha kulala. Alikuwa na miaka 23, umri ambao skizofrenia huanza kujitokeza kwa wanaume wengi, ingawa hakuna aliyelijua hilo neno katika nyumba ile. Wiki chache baadaye alimfuata dada yake jikoni. "Dada," akamwambia, "humu kichwani wananisema. Najua si kweli, lakini siku hizi inaniwia vigumu kujua. Nipeleke hospitali."

Wakaenda. Walikaa kwenye viti vya idara ya dharura hadi zamu ya usiku ikabadilishwa. Daktari alikuwa kijana mpole, na maswali yake yalikuwa mawili. Unafikiria kujiua? Hapana. Unafikiria kumdhuru mtu? Hapana, mimi simdhuru mtu. Akapewa karatasi yenye namba za simu, na miadi ya wiki kadhaa mbele katika kliniki ambayo, walipopiga simu, ilikuwa haipokei wagonjwa wapya. Hospitali hiyo haitatajwa hapa. Ilifanya kile ambacho karibu hospitali yoyote ya eneo lile ingefanya usiku ule: vitanda vya wodi ya akili vilikuwa vichache, na vilikuwa vimewekwa kwa ajili ya waliozuiwa kwa amri. Mgonjwa aliyekuja kwa miguu yake, mwenye akili za kutosha kusema kwamba akili zinamtoka, alionekana ni mzima kupita kiasi.

Alipofika hatua ya kukataa kabisa kwamba anaumwa, dada aliambiwa na mfanyakazi mwenzake kwamba kaunti ina wataalamu ambao kazi yao ni kuja nyumbani na kuamua kama mtu azuiwe. Katika jimbo la Washington ndio wenye uamuzi huo. Daktari wa kawaida hana, ndugu hana. Wakaja wawili. Mdogo wake, ambaye kwa siku tatu alikuwa amejifungia chumbani na kuziba madirisha kwa karatasi ya alumini, alitoka akiwa amevaa shati safi, akawaambia karibuni, akawachemshia chai. Akajibu kila kitu. Ana chakula? Anacho. Ana pa kulala? Ni hapa. Ile karatasi dirishani ni ya nini? Ni kwa sababu ya jua, analala mchana, anafanya kazi usiku. Akatabasamu.

Mmoja wao, mama wa makamo, alimwambia dada mlangoni maneno ambayo hayajamtoka hadi leo. Alisema anamwamini, na kwamba yeye mwenyewe angekuwa na mtoto kama huyu asingelala. Lakini sheria inamtaka aone hatari, na hatari hajaiona. "Akikutishia, piga simu tena."

Maana yake ilikuwa wakae wakisubiri. Familia nyingi za Marekani zenye mgonjwa wa namna hii zimewahi kuambiwa maneno ya aina hiyo, na zikajifunza haraka kusema lugha ambayo sheria inaisikia. Hausemi tena kwamba ndugu yako amekonda, anaongea peke yake, amefukuzwa kazi, anakuita kwa jina la mtu usiyemjua. Unasema kisu. Unasema moto. Unasema barabara. Mwaka ule ule wa 2013, mwezi Julai, kijana aitwaye Joel Reuter aliuawa na polisi wa Seattle katika kishindo cha maradhi, baada ya wazazi wake kuhangaika kwa muda mrefu alazwe. Miaka miwili baadaye Bunge la jimbo lilipitisha sheria yenye jina lake, inayoiruhusu familia kwenda moja kwa moja kwa hakimu wataalamu wa kaunti wanapokataa. Kabla ya hapo, mlango ukifungwa na wataalamu ulikuwa umefungwa.

Kwa mdogo wa mwandishi hatari ilifika Novemba. Alitoka saa tisa usiku, akatembea hadi kwenye barabara kuu ya magari akiwa peku, akasimama katikati akinyoosha mikono kuyazuia malori. Waliomtoa pale ni polisi, na walimtoa vizuri, bila bunduki. Jambo hilo kijana mweusi mwenye lafudhi hawezi kulichukulia kuwa la kawaida.

Sasa alistahili. Vigezo vyote vilitimia, na kitanda hakikuwepo.

Alikaa katika korido ya idara ya dharura, amefungwa mikanda kwenye machela, mlinzi kando yake, taa haizimwi. Alipewa dawa ya kumtuliza, na hakuonwa na daktari wa akili. Kisheria jambo hilo lilikuwa na karatasi yake: kibali cha kuigeuza machela ile, kwa ajili ya mtu yule, kuwa kama wodi. Agosti 2014 Mahakama ya Juu ya jimbo la Washington, katika shauri la wagonjwa waliotambulishwa kwa herufi tu, D.W. na wenzake, ilisema wazi kwamba kutokuwa na vitanda si sababu ya kisheria ya kumshikilia mtu namna hiyo. Gavana na wabunge wakakimbizana kutafuta fedha na vitanda. Kwa mdogo wake hukumu ilichelewa miezi tisa.

Shauri lake lilisikilizwa katika chumba cha kawaida ndani ya jengo la hospitali. Aliletwa juu ya machela ya gari la wagonjwa. Kulikuwa na kamishna wa mahakama, mwendesha mashtaka wa kaunti upande wa hospitali, na wakili wa kumtetea aliyelipwa na umma. Shahidi mkuu alikuwa dada.

Wengi huko nyumbani hawawezi kuliona jambo hili wanapoambiwa kwamba Marekani mgonjwa ana haki zake. Ili ndugu yako atibiwe, unakaa kitini, unaapa, na mbele yake unaeleza ubaya wake wote: kisu alichokiweka chini ya mto, maneno aliyomtolea shemeji yake, mkojo kwenye chupa. Uzuri wake hauna kazi katika shauri lile; ukiutaja unampa nguvu wakili wa upande wa pili. Wakili huyo, mwanamke kijana mwenye sauti kavu, alimbana dada maswali. Kisu alikiona kwa macho yake? Aliwahi kukiinua? Je, si kweli kwamba shemeji amechoka na anataka kijana aondoke nyumbani? Kwenye machela mdogo wake alisikiliza yote, kisha akasema kwa Kiswahili, taratibu, "Dada, ndiyo unayonisemea haya?" Mkalimani akatafsiri, ikaingia kwenye kumbukumbu za mahakama. Kamishna akatoa amri ya siku 14.

Mama yao, aliyekuwa Tanga, hakuelewa hata kidogo kwa nini hakimu aingie. Kila siku alipiga simu kuuliza kama wamemfanyia kisomo, na kama imamu wa Kent anajua kuandika kombe. Hospitali hakuikataa, alichokikataa ni mahakama. Kwao Ngamiani, mjini Tanga, mgonjwa ni wa familia. Mwandishi anakumbuka utoto wake, kijana wa nyumba ya tatu alivyofungwa kamba na wajomba zake, akapandishwa kwenye pikapu, akapelekwa Lutindi, ile hospitali ya akili iliyo juu ya milima ya Usambara, ambayo wamisionari wa Kijerumani walianzisha kituo chake mwishoni mwa karne ya 19. Kijana alirudi baada ya miezi, amenenepa, ametulia, na mtaa mzima ukashukuru. Hakuna aliyemuuliza kuhusu ile kamba. Kwa kweli hata mwandishi hakuwahi kufikiri kwamba kulikuwa na la kuuliza, hadi aliposoma habari za Kenneth Donaldson.

Donaldson alipelekwa katika hospitali ya jimbo la Florida, huko Chattahoochee, mwaka 1957, kwa ombi la baba yake mzazi. Hakuwa amemdhuru mtu. Rafiki alijitolea kukaa naye na kumwangalia, akakataliwa. Matibabu ya maana hakuyapata. Alikaa karibu miaka 15. Mwaka 1975 Mahakama ya Juu ya Marekani, majaji wote kwa sauti moja, ilisema jimbo haliwezi kumfungia tu mtu asiye hatari ambaye anaweza kuishi salama nje, kwa nguvu zake au kwa msaada wa ndugu na marafiki walio tayari. Hukumu hiyo ni miongoni mwa zile ambazo watu wa kulegeza vigezo wanaona zimebana mno. Inafaa kukumbuka aliyeanzisha jambo: ndugu, tena baba, na pengine kwa mapenzi.

Siku 14 zilimsaidia mdogo wa mwandishi kwa kiasi. Dawa ya kwanza ilimkakamaza shingo, ikabadilishwa. Alitoka anatembea polepole, anakula, hasikii watu. Aliruhusiwa kwa sharti la kuendelea na kliniki, na safari hii kliniki ilimpokea, kwa kuwa sasa alikuwa na amri ya mahakama. Dada alitafakari jambo hilo kwa muda mrefu. Kliniki iliyokuwa haipokei wapya ilikuwa na nafasi. Ilichohitaji ni mtu aliyesimama mbele ya lori.

Yeye na mdogo wake hawakusemezana karibu mwaka mzima.

Mwaka 2016 mwandishi aliingia tena katika chumba kama kile, na ndipo fikra zake kuhusu yule wakili wa sauti kavu zilipobadilika. Safari hii aliyekuwa mashakani ni mama mmoja Mkongomani, jirani wa rafiki yake huko Tukwila, mzaliwa wa Kivu ya Kusini aliyeishi miaka mingi katika kambi ya Nyarugusu, Kigoma, kabla ya kuletwa Marekani. Alikuwa hali kwa siku kadhaa. Usiku alisikika akilia na kuita majina. Mfanyakazi wa ustawi aliyemtembelea akaogopa, akapiga simu. Hospitali, ambayo nayo haitatajwa, ikamzuia, kisha ikaomba siku 14 kwa hoja kwamba hawezi kujitunza na anazungumza na watu wasiokuwepo.

Katika jimbo la Washington mashauri haya yanasikilizwa wazi. Mahakama ya Juu ya jimbo iliamua mwaka 2011 kwamba kuyafunga yote kwa desturi ni kinyume cha katiba ya jimbo. Kwa hiyo waumini wa kanisa lake waliweza kuja, na mwandishi akakaa nao. Wakili wa umma, mwingine lakini wa aina ile ile ya kubana, alimuuliza daktari: ulimuuliza mama huyu kwa nini hali? Daktari akasema alikataa chakula. Ulimuuliza kwa nini? Haikuandikwa. Je, ulijua kwamba kanisa lake zima lilikuwa katika mfungo wiki ile? Hakujua. Hayo majina anayoyaita usiku ni ya nani? Hakujua.

Mchungaji akapanda kizimbani. Majina yale ni ya watoto wake waliouawa. Huwataja katika sala, kama wafanyavyo akina mama wengine watatu waliokaa pale nyuma. Kisha mama mwenyewe akaulizwa. "Mimi niko nafunga," akasema. "Siku ya tano ninakula. Huko hospitali wameniletea chakula siku ya pili, nimesema hapana. Leo ni siku ya saba, wameleta, nimekula." Kamishna akatazama faili: kweli, siku mbili zilizopita zilikuwa na milo yote. Katika hatua hii ya siku 14 sheria haidai ushahidi mzito sana. Unatosha ukizidi kidogo tu upande mmoja. Kwa amri ya siku 90 unatakiwa uwe wazi na wa kushawishi, kiwango ambacho Mahakama ya Juu ya Marekani ilikifanya cha chini kabisa kwa amri za muda mrefu nchi nzima mwaka 1979. Kwa mama huyu hata huo mdogo haukupatikana. Aliachiwa mchana ule, akarudi Tukwila kwa gari la mchungaji.

Kikao chenyewe hakikufika nusu saa. Bila ya kikao kile, bila ya mtu anayelipwa kuuliza maswali ya kuudhi, mama yule angekaa wiki mbili akidungwa dawa kwa sababu ya mfungo na msiba. Mwandishi aliyatambua maswali yale; yalikuwa ndugu wa yale aliyobanwa nayo kuhusu kisu. Hakuyapenda zaidi, ila alijua yana kazi gani.

Basi mtu aliyekaa katika vyumba vyote viwili aseme nini kuhusu kulegeza vigezo? Jimbo la Washington, kwa bahati, limewahi kujaribu, na watu wawili wakapima matokeo. Mwaka 1978 wazee wawili, mume na mke, waliuawa Seattle na jirani yao kijana aliyekuwa amekataliwa kulazwa hospitalini. Hasira zikapanda, na mwaka 1979 Bunge la jimbo likapanua sheria ili wengi zaidi waweze kuzuiwa, hata wale ambao hatari yao haijaonekana lakini hali zao zinazorota. Mary Durham na John La Fond wakafuatilia kilichotokea, wakachapisha matokeo mwaka 1985. Idadi ya wanaolazwa kwa lazima ilipanda sana, tena ilianza kupanda hata kabla ya sheria kuanza kutumika. Hali ya hewa ya kisiasa peke yake ilitosha kuwabadilisha waamuzi. Hospitali ya Western State, iliyoko karibu na Tacoma, ikafurika. Na wagonjwa wa hiari, wale waliokuwa wakija wenyewe kuomba kulazwa, wakatoweka karibu wote, kwa kuwa vitanda vilikwisha.

Kumbuka kwamba sheria ile ilitokana na kijana aliyekuwa amekataliwa kulazwa. Dawa iliyopatikana ikawafungia mlango wengine waliotaka kulazwa.

New York nayo ina kisa cha namna hiyo. Januari 1999 Kendra Webdale alisukumwa mbele ya treni ya chini ya ardhi na mtu mwenye skizofrenia. Mwaka ule ule ikapitishwa sheria yenye jina la Kendra, inayowezesha mahakama kumwamuru mgonjwa anayeishi nje afuate matibabu. Ina watetezi wengi, na kuna familia zinazoapa kwamba imewaokoa. Lakini yule aliyemsukuma hakuwa mtu wa kukimbia tiba. Alikuwa amejipeleka mwenyewe hospitalini mara nyingi, akilalamikia sauti na kuomba msaada, na kila mara akaruhusiwa kurudi mtaani baada ya muda mfupi.

Vitanda vilienda wapi? Mwaka 1955 hospitali za akili za majimbo zilikuwa na wagonjwa zaidi ya 550,000. Nyingi zilikuwa mahali pa aibu, na dawa mpya, kesi za mahakamani na hesabu za fedha vilisaidiana kuzifunga. Rais Kennedy alisaini mwaka 1963 sheria ya kujenga vituo vya jamii vya kuchukua nafasi yake, vingi havikujengwa. Mwaka 1965 ilipoanzishwa Medicaid, bima ya serikali kwa wenye kipato kidogo, iliwekewa katazo la kuwalipia watu wa chini ya miaka 65 katika taasisi za akili, na katazo hilo bado lipo kwa watu wazima katika taasisi zenye vitanda zaidi ya 16, japo majimbo mengi yamepewa nafuu. Jimbo linapolegeza kigezo leo linafanya hivyo juu ya msingi huo.

Na majimbo yanalegeza, bila hata ya kusubiri amri ya Julai. California ilipanua maana ya mtu asiyeweza kujitunza mwaka 2023, ikaingiza usalama wake binafsi, matibabu ya mwili anayoyahitaji, na uraibu mkali. Kaunti zilizohitaji kujiandaa zikapewa hadi Januari 2026. New York ikafuata katika bajeti yake ya 2025, ikaandika kwamba kushindwa kujipatia chakula, malazi au tiba kwa sababu ya ugonjwa kunatosha. Washington yenyewe tangu 2021 imeongeza muda wa kwanza wa kuzuiwa kutoka saa 72 hadi 120, bila kuhesabu wikendi na sikukuu. Mwandishi haoni ubaya katika kila moja ya hatua hizi. Kigezo cha California, kama kingekuwepo Kent mwaka 2013, huenda kingemnusuru mdogo wake na barabara. Kinachomtia wasiwasi ni mpangilio wa mambo: kigezo hubadilishwa kwa kura ya siku moja na hakigharimu kitu, kitanda kinachukua miaka, na katika nafasi iliyo kati ya hivyo viwili anayesukumwa nje ni yule anayeomba. Kikao cha hakimu nacho, wingi wa mashauri ukizidi, kitapunguzwa dakika, na dakika zilezile ndizo mama wa Tukwila alizozihitaji.

Kaunti ya King, ambamo Kent na Seattle zimo, ilichukua njia nyingine Aprili 2023. Wapiga kura walikubali kodi ya nyongeza kwenye mali zao kwa miaka tisa ili kujenga vituo vitano vya dharura za akili, ambamo mtu anaweza kuingia mwenyewe bila miadi. Mdogo wa mwandishi alipiga kelele za furaha siku ya matokeo, kisha akasema anasubiri kuona kama saa tisa za usiku kutakuwa na mtu wa kufungua.

Yeye sasa anachoma sindano yake ya kila mwezi, amerudi kwenye maghala, ana mke. Waliposameheana na dada yake, sharti lake lilikuwa moja: asimwone tena kwenye kiti cha mashahidi. Jimbo la Washington tangu 2003 linamruhusu mtu, akiwa na akili timamu, kuandika mapema atakavyo atibiwe siku akili itakapomtoka. Akaiandika hati hiyo mwaka 2019, wakaisaini mashahidi wawili wasio ndugu zake. Imemteua dada kuwa msemaji wake. Ile dawa iliyomkakamaza shingo imekatazwa kwa jina. Inaruhusu alazwe hadi siku 14 hata kama siku hiyo yeye mwenyewe atakuwa anapiga kelele kwamba hataki, na inaelekeza polisi wasiwe wa kwanza kupigiwa simu. Kipengele cha mwisho kinasema mama aliyeko Tanga asiambiwe kitu kabla ya siku ya tatu, kwa kuwa atauza cherehani yake anunue tiketi ya ndege. Dada alipinga hicho kwa nguvu. Mama akijua baadaye kwamba alifichwa, matusi yote yatamwangukia yeye. Mdogo wake akamsikiliza hadi mwisho, akamwambia hati ni yake, akampa kalamu asaini sehemu yake.